Mahjub wa Dar es Salaam, Mwigizaji wa Berlin

(Sori, kando ya ghuba ya Karungu, kaunti ya Migori. Kijana wa Homa Bay anayesomea uigizaji amemtembelea mwalimu mstaafu wa historia.)

KIJANA: Mwalimu, chuoni tumeambiwa tuandike maisha ya mwigizaji wa Ujerumani. Simjui hata mmoja.

MZEE: Nitakupa aliyezaliwa Dar es Salaam mwaka 1904. Mahjub bin Adam Mohamed. Kule Ujerumani alijulikana kama Mohamed Husen, na aliigiza katika filamu zaidi ya 20.

KIJANA: Mwafrika? Zama za Hitler?

MZEE: Zama hizo hizo. Lakini kwanza ujue Mjerumani alikuwa jirani yetu. Walipogawana nchi na Mwingereza mwaka 1886, mpaka ulikuja kugusa ziwa hapa chini, upande wa Muhuru. Septemba 1914, Vita vya Kwanza vya Dunia vilipoanza, Wajerumani wakauvuka, wakaishika Karungu hii na kufika Kisii. Meli ya Waingereza, Winifred, iliingia ghuba hii ikakuta Muansa ya Wajerumani ina mizinga, ikageuza. Na askari wengi wa Mjerumani walikuwa Waafrika.

KIJANA: Naye alikuwepo hapa?

MZEE: La, wakati huo alikuwa na miaka 10 tu. Ila baba yake alikuwa askari, na mtoto naye akaingia jeshini. Mwaka 1917 alijeruhiwa Mahiwa, kusini mwa Tanzania ya leo, akaangukia mikononi mwa Waingereza.

KIJANA: Sasa Berlin alifikaje?

MZEE: Kwa kudai mshahara, mjukuu wangu. Baada ya vita alifanya kazi melini. Mwaka 1929 akafika Berlin, akaenda Wizara ya Mambo ya Nje: nipeni malipo yangu na ya baba yangu. Akajibiwa kwamba amechelewa. Akabaki huko huko, akawa mhudumu katika jumba la starehe la Haus Vaterland, akasaidia kufundisha Kiswahili chuo kikuu, na Januari 1933 akamwoa Maria Schwandner.

KIJANA: Na filamu?

MZEE: Mwaka 1934 kuna Die Reiter von Deutsch-Ostafrika. Mwaka 1937 yumo katika Zu neuen Ufern, ambayo nyota wake ni Zarah Leander. Yeye kazi yake ilikuwa kubeba sinia, kufungua mlango, kumpigia bwana saluti.

KIJANA: Mimi ningekataa.

MZEE: Wewe una nauli ya kurudi Homa Bay. Yeye alikuwa na mke, watoto, na kodi ya nyumba. Hata hivyo simsafishi. Alivaa sare ya askari mbele ya watu waliotaka makoloni yarudishwe, na aliomba nishani ya wapiganaji wa vita vile. Wakamnyima.

KIJANA: Hakupata hata nafasi moja ya maana?

MZEE: Alipata, ndiyo inayoniudhi. Mwaka 1941 ilitoka filamu kuhusu Carl Peters, yule mkoloni Mjerumani ambaye Watanganyika walimwita Mkono wa Damu. Humo Peters ni shujaa, anaigizwa na Hans Albers, na Mahjub ni Ramasan, kiongozi wake wa njia. Agosti mwaka huo huo akakamatwa, kosa lake uhusiano na mwanamke Mjerumani. Hakufikishwa mahakamani. Walimpeleka kambi ya Sachsenhausen, akafia huko tarehe 24 Novemba 1944.

KIJANA: Kuna anayemkumbuka?

MZEE: Mwaka 2007 liliwekwa jiwe dogo lenye jina lake mbele ya alipokuwa akiishi, Brunnenstraße, Berlin. Mwaka 2013 Eva Knopf alitoa filamu, Majubs Reise, akiokota vipande vyake kutoka kwenye filamu za zamani. Itafute.

KIJANA: Insha niianzie wapi?

MZEE: Ianzie 1929, pale wizarani. Taifa lililomnyima askari wa kweli mshahara wake ndilo lililomlipa baadaye aigize askari mwenye furaha.