Mimea ya Jamaa ya Karoti Penye Maji

Kando ya vijito na penye vinamasi humea mimea ya mwituni iliyo ndugu ya karoti. Watoto wachungao ng'ombe katika Mbulu na Hanang hupita mahali kama hapo kila siku, na mtoto mwenye njaa akichimba mzizi wenye harufu ya karoti hudhani amepata chakula. Kwa hiyo twataka kujifunza kuitambua jamaa hii, na pia kutoiamini upesi.

Alama iliyo kubwa ni ua. Ligeuze, ulitazame kwa chini. Ukiona vijiti vyote vyatoka mahali pamoja juu ya shina, kama vijiti vya mwavuli uliofunguliwa, na kila kijiti kina mwavuli mdogo wa vijiua, basi jamaa umekwisha kuijua. Mimea mingine ina vichala vipana vifananavyo kwa mbali, lakini vijiti vyake huanza mmoja chini, mmoja juu, hiyo siyo. Kisha tazama shina: mara nyingi lina michirizi, na ndani ni wazi kama mwanzi. Kikonyo cha jani hupanuka chini kuwa ala inayokumbatia shina. Tunda likikauka hupasuka vipande viwili vyenye mbavu mgongoni. Mwenye jira jikoni aweza kuziona mbavu hizo leo. Bizari na jira za Mathayo 23:23 ni za jamaa hii, bali mnanaa uliotajwa pamoja nazo ni wa jamaa nyingine, maana shina lake lina pembe nne.

Katika Afrika ya Mashariki mmea uitwao Berula erecta hupenda vijito; vijani vyake hupangwa viwili viwili kikonyoni, vyenye meno kama msumeno. Mwingine, Centella asiatica, huwadanganya wengi. Hutambaa chini penye unyevu, jani lake ni la mviringo kama kwato, na vijiua vyake vimefichwa karibu na udongo, wala huoni mwavuli. Hata hivyo ni wa jamaa hiyo hiyo.

Lakini kujua jamaa si kujua mmea. Conium maculatum, ambao kwa sumu yake Sokrate aliuawa Athene mwaka 399 kabla ya Kristo, ni ndugu wa karoti. Sumu hiyo hulegeza miguu, halafu hukata pumzi. Shina lake lina madoa ya zambarau. Huko Ulaya watu wamekufa kwa kuyadhania majani yake kuwa mboga ya bustani, na mizizi yake kuwa karoti za mwituni. Cicuta, ya vinamasi vya Ulaya na Amerika, humtia mlaji degedege, na harufu ya mzizi wake haimwonyi mtu. Basi pua isiwe hakimu, wala tusionje ili kujaribu.

Mtoto akiisha kula mzizi asioujua, apelekwe hospitali mara moja, asingojewe mpaka augue. Tena kipande cha mmea kichukuliwe pamoja naye.

Mwalimu atakaye kujua jina la mmea wa kwao na aukaushe kati ya magazeti chini ya mawe, akibadili magazeti kila siku. Uwe na ua, tunda, jani la chini na mzizi. Aandike mahali, tarehe, na jina la Kiiraqw au la Kidatoga. Huko Arusha yako makusanyo ya taifa ya mimea iliyokaushwa, nao wataalamu waweza kuulinganisha. Jani peke yake halitoshi.