Hatari, Mtawanyiko na Mfungamano: Istilahi na Ukadiriaji wa Kiwango cha Kupunguzia Thamani katika Uwekezaji wa Kampuni

1.0 Utangulizi

Makala hii inashughulikia suala lililo mpakani mwa taaluma mbili, yaani isimu na fedha. Kampuni inapowekeza hutoa fedha leo kwa matumaini ya kupata fedha miaka ijayo. Kwa kuwa shilingi ya miaka mitano ijayo hailingani na shilingi iliyo mkononi, hapana budi mapato yajayo yapunguzwe thamani kwanza, ndipo yalinganishwe na gharama. Kiwango kinachotumika katika upunguzaji huo ndicho mada yetu, na hasa namna ya kukikadiria pale ambapo mapato hayana uhakika.

Istilahi inayosikika sana ni "kiwango cha punguzo". Hatuna ugomvi mkubwa nayo, ila punguzo kwa msemaji wa kawaida ni kile anachopewa mteja dukani baada ya kubembeleza bei. Nomino hiyo hutaja matokeo ya tendo, ilhali tunachohitaji ni chombo cha kutendea. Kauli ya kutendea inatutosheleza hapa: kama tulivyo na kisu cha kukatia na jiwe la kusagia, ndivyo tunavyoweza kuwa na kiwango cha kupunguzia. Katika makala hii tutatumia umbo hilo.

Tatizo zito zaidi liko katika neno "hatari". Wanafunzi hufundishwa kwamba uwekezaji wenye hatari kubwa upunguziwe kwa kiwango kikubwa. Kauli hii ina ukweli ndani yake, lakini jinsi inavyoeleweka katika Kiswahili husababisha makosa ya hesabu, na makosa hayo huishia katika kujenga viwanda visivyostahili na kuacha vinavyostahili.

2.0 Mizigo mitatu ya neno moja

Neno "hatari", lenye asili ya Kiarabu, lina maana ya jambo baya linaloweza kutokea. Mtu hasemi "kuna hatari nitapata fedha nyingi" ila kwa mzaha. Katika nadharia ya fedha, hata hivyo, neno hilo limetwishwa dhana tatu.

Ya kwanza ni uwezekano wa tukio baya: mashine kuharibika, mzigo kukwama bandarini, mdaiwa kutolipa. Hii ndiyo hatari halisi ya Kiswahili. Ya pili ni kule kutofautiana kwa matokeo, juu na chini ya wastani. Tangu Markowitz alipochapisha kazi yake mwaka 1952, dhana hii hupimwa kwa takwimu, nasi tutaiita mtawanyiko. Ya tatu ni sehemu ya mtawanyiko huo inayokwenda sambamba na hali ya uchumi mzima. Hii tutaiita mfungamano.

Tuchukue mfano wa mfanyabiashara wa pwani ambaye mali yake imepakiwa katika majahazi kumi. Jahazi moja likipasuka mwambani, hasara ipo, lakini tisa yatafika. Mwenye kugawa mali yake hivyo haogopi mwamba mmoja. Lakini bei ya karafuu ikianguka, majahazi yote kumi yanabeba mzigo uliopungua thamani, na kugawa hakumsaidii kitu. Mwamba ni mtawanyiko usiofungamana. Bei ya karafuu ni mfungamano. Soko la mitaji, kwa mujibu wa nadharia, humlipa mwekezaji kwa kuvumilia huo wa pili tu, kwa sababu ule wa kwanza angeweza kuuondoa mwenyewe kwa kugawa mali yake.

Katika taarifa za ukaguzi nchini Tanzania limeenea neno "kihatarishi". Ni neno lililoundwa vizuri, na linafaa kwa dhana ya kwanza: kitu kinachohatarisha. Halifai kwa dhana ya tatu, kwa kuwa mfungamano hauhatarishi chochote peke yake. Ni uhusiano baina ya vitu viwili.

3.0 Mahali pa hatari katika hesabu

Ikiwa hatari ni tukio baya lenye uwezekano fulani, mahali pake ni katika makadirio ya mapato yenyewe. Tuseme mradi unatarajiwa kuingiza shilingi milioni 160 kwa mwaka, na kuna uwezekano wa moja kwa tano kwamba mwaka wa kwanza hautaingiza chochote kwa sababu mitambo itachelewa. Mapato yanayotarajiwa mwaka huo ni milioni 128. Hapo hatari imekwisha kuhesabiwa.

Desturi ya mameneja wengi ni tofauti. Huandika milioni 160 kana kwamba mitambo itafika bila kuchelewa, kisha huongeza asilimia tano katika kiwango "kwa ajili ya hatari". Kama kiwango kilikuwa asilimia 15.6, sasa kinakuwa 20.6. Athari yake ni hii: thamani ya mapato ya mwaka wa kwanza hupungua kwa takriban asilimia 4 tu, ilhali ya mwaka wa kumi hupungua kwa zaidi ya asilimia 34. Hatari iliyokuwa ya mwaka wa kwanza haikuadhibiwa vya kutosha mahali ilipo, na mwaka wa kumi, usio na kosa, umebeba adhabu. Robichek na Myers walionyesha mwaka 1966 kwamba kiwango kimoja kisichobadilika hubeba dhana iliyofichika, kwamba mashaka ya mradi hukua kwa mwendo uleule mwaka hadi mwaka. Ipo miradi ya namna hiyo. Uchimbaji wa kisima, ambao mashaka yake yote huisha siku maji yanapoonekana, si mmojawapo.

Wapo pia wanaofanya yote mawili: wanapunguza mapato, kisha wanaongeza kiwango kwa sababu ileile. Mradi huo umetozwa ushuru mara mbili kwa mzigo mmoja.

4.0 Kukadiria kiwango chenyewe

Kanuni inayotumika zaidi ni ile iliyotokana na kazi za Sharpe (1964), Lintner (1965) na Mossin (1966). Kwa lugha nyepesi, kiwango cha mradi ni jumla ya vitu viwili: malipo ya kusubiri tu, ambayo kwa kawaida husomwa katika hatifungani za serikali, na malipo ya mfungamano. Haya ya pili hupatikana kwa kuzidisha nyongeza ya soko (yaani, kiasi ambacho soko zima la hisa linatarajiwa kuzidi hatifungani) kwa beta ya mradi. Beta ni kipimo cha mfungamano: mradi wenye beta 1 hupanda na kushuka pamoja na soko kwa kadiri ileile, wenye beta 0.6 huyumba kidogo kuliko soko.

Hapa pana kosa ambalo nadhani ni kubwa kuliko yote. Kampuni nyingi zina kiwango kimoja cha nyumba nzima, na kila mradi hupimwa kwacho. Lakini kiwango ni mali ya mradi, si ya kampuni inayoumiliki. Tuchukue kampuni ya kubuni ya kusaga unga, isiyo na deni. Watu hula ugali uchumi ukiwa mzuri au mbaya, hivyo beta yake tuseme ni 0.6. Hatifungani zikilipa asilimia 12 na nyongeza ya soko ikiwa asilimia 6, kiwango chake ni 12 + (0.6 × 6), yaani asilimia 15.6. Sasa inataka kujenga kiwanda cha mabati kwa shilingi milioni 500, ambacho, baada ya hatari zote kuhesabiwa, kinatarajiwa kuleta milioni 160 kwa mwaka kwa miaka mitano.

Beta ya unga haituambii lolote kuhusu mabati, maana ujenzi hulala uchumi unapolala. Tunahitaji kampuni za vifaa vya ujenzi zilizomo sokoni. Tuseme beta ya hisa zao ni 1.62, na kwamba zina deni la nusu ya mtaji wa wanahisa. Deni hukuza myumbo wa mapato ya wanahisa, kwa hiyo kwanza tuliondoe. Kwa njia aliyoieleza Hamada mwaka 1972, na kodi ikiwa asilimia 30, tunagawa 1.62 kwa 1 + (0.7 × 0.5), yaani 1.35, na tunapata 1.2. Kiwango cha mradi basi ni 12 + (1.2 × 6), yaani asilimia 19.2.

Kwa kiwango cha unga, mapato ya kiwanda yana thamani ya sasa ya takriban milioni 528.8, na kampuni itajipongeza kwa faida ya milioni 28.8. Kwa kiwango cha mabati, thamani hiyo ni milioni 487, nayo kampuni itakuwa imewapotezea wanahisa wake milioni 13. Mapato ni yaleyale. Kilichobadilika ni kuuliza swali la mfungamano kwa mradi badala ya kuliuliza kwa mwenye mradi.

5.0 Vipimo katika masoko ya Afrika Mashariki

Hesabu hiyo inaonekana safi kwa sababu tarakimu tulizibuni. Anayezitafuta sokoni hukutana na mambo mengine. Soko la Hisa la Dar es Salaam lilianza biashara mwaka 1998, na zipo hisa ambazo hupita siku nyingi bila kuuzwa. Bei isiyosogea kwa kukosa mnunuzi huonekana kana kwamba haina mfungamano na soko, na beta yake hutoka ndogo mno. Scholes na Williams (1977) pamoja na Dimson (1979) walipendekeza masahihisho, lakini masahihisho nayo yanahitaji bei ambazo wakati mwingine hazipo. Nairobi, ambako soko ni la tangu 1954, tatizo ni jingine: Safaricom iliingia sokoni mwaka 2008 na ikawa kubwa kiasi kwamba kulinganisha hisa na faharasa ya hisa zote, kwa sehemu kubwa, ni kuilinganisha na kampuni hiyo moja.

Hata hatifungani zina mambo yake. Ghana ilitangaza mpango wa kubadilisha hatifungani zake za ndani mwishoni mwa mwaka 2022, na walioziita salama walijikuta na hati nyingine zenye masharti hafifu zaidi. Kuhusu sarafu itoshe kusema kwamba mapato ya shilingi hupunguziwa kwa kiwango cha shilingi, na ya dola kwa cha dola.

Kigumu kuliko vyote ni nyongeza ya soko. Tuseme tuna kumbukumbu za miaka 25, na mapato ya soko hutawanyika kwa asilimia 20 kwa mwaka. Kosa sanifu la wastani wake ni 20 gawanya kwa kipeuo cha pili cha 25, ambacho ni 5, yaani asilimia 4. Mtu aliyekadiria nyongeza ya asilimia 6 kwa data hiyo hawezi kukanusha kwa uhakika kwamba ni 1 au 11. Desimali ile katika 19.2 ni pambo.

Katika hali hiyo, yafaa tuligeuze swali. Kiwanda chetu cha mabati hurejesha gharama yake barabara kwa kiwango cha takriban asilimia 18. Ukitoa 12 za hatifungani zinabaki 6, na ukigawa kwa beta ya 1.2 unapata 5. Kwa hiyo bodi ya wakurugenzi haina haja ya kubishania tarakimu ya nyongeza. Inahitaji kuamua jambo moja tu, kama inaamini kwamba nyongeza ya soko inazidi asilimia 5 au haifiki.