Kupinda au Kupenda? Somo la Kutunga Muswada wa Kale

Katika zoezi la uandishi tuliombwa kutunga ukurasa mmoja wa kitabu cha kale ambacho hakijawahi kuwako. Mimi nilitunga kitabu cha mganga wa Nyangwe, mji ulio kando ya Lualaba, kusini mwa Kindu yetu. Mganga huyo aliweza kurudisha siku iliyopita. Nilikiita Kitabu cha Kupinda Wakati, nikadai kiliandikwa karibu mwaka 1870. Nilidhani kazi ngumu itakuwa uchawi. Kumbe ilikuwa sarufi. Makosa yangu manne yanaweza kumfaa msomaji mwenzangu anayetaka kujaribu.

Kosa la kwanza ni herufi. Kiswahili cha wakati ule kiliandikwa kwa herufi za Kiarabu. Ndivyo Hamed bin Muhammed, anayejulikana kama Tippu Tip, alivyoandika habari za maisha yake, ambazo Mjerumani Heinrich Brode alizichapisha kwa herufi za Kilatini mwaka 1902 na 1903. Kiarabu kina alama za irabu fupi tatu tu, nasi tuna irabu tano. Kwa hiyo alama ya kasra hubeba i na e, na dhamma hubeba u na o. Jaribu sasa kuandika jina la kitabu changu kwa herufi hizo: kupinda na kupenda huandikwa sawasawa. Msomaji wa zamani angeamua kwa maana ya sentensi nzima. Hapo nilifurahi, maana kosa lilinipa hadithi: mwanafunzi wa mganga alisoma “kupenda wakati”, akangoja maisha yake yote bila kurudisha hata siku moja.

Kosa la pili ni majina ya siku. Niliandika kwamba mganga alianza kazi “siku ya posho”, kama wengi wetu Kongo tunavyoiita Jumamosi. Lakini jina hilo linatoka katika posho ya juma waliyogawiwa wafanyakazi, nalo ni la zama za waajiri wa kikoloni. Mganga wa mwaka 1870 angelijuaje? Tena, tukisema “siku ya kwanza” tuna maana ya Jumatatu. Watu wa pwani huanza kuhesabu baada ya Ijumaa, ndiyo maana Jumamosi ina “mosi” ndani yake, yaani moja. Mganga akimwambia mtu wa pwani “rudi siku ya kwanza”, na mtu wa Kindu yuko karibu anasikia, kila mmoja atarudi siku yake.

Kosa la tatu ni usiku. Kwa hesabu ya Kiislamu siku mpya huanza jua linapotua. “Usiku wa Ijumaa” katika maandishi ya aina hiyo ni usiku ambao sisi tungeuita wa Alhamisi. Mganga wangu alichelewa usiku mzima kwa sababu yangu.

Kosa la nne lilinifundisha zaidi. Niliandika: “Akalala, akala, akafika.” Nilitaka kuonyesha siku inakwenda kinyume. Rafiki yangu aliposoma, hakuona uchawi wowote. Aliona mtu aliyelala, halafu akala, halafu akafika mahali. Kiambishi -ka- hupanga matendo kwa kufuatana, kila tendo nyuma ya jingine. Ukigeuza maneno, hujageuza wakati. Umesimulia safari nyingine. Ili kurudi nyuma nilihitaji -li- na maneno mengine: “Alikuwa amelala, kabla ya hapo alikuwa amekula.” Na kwa jambo ambalo haliwezi kurudi kabisa, lugha ina -ngali-: “Ningalijua, nisingalivuka mto.” Kiambishi hiki hutupeleka hadi mlangoni mwa siku ile, kisha hukataa kuufungua.

Jioni moja nilikuwa nausoma ukurasa wangu kwa sauti nyumbani, Obokote. Baba mkubwa alikuwa ameketi uani. Aliniacha nimalize, kisha akauliza: “Na watu yetu, kitabu inasema nini?”

Alidhani ni cha kweli. Nilinyamaza kidogo. Kitabu cha Tippu Tip kinasimulia Maniema kwa sauti ya mwenye msafara. Wengi wa waliofungwa na kupelekwa hawakuacha kitabu kama hicho. Baba mkubwa alikuwa anangoja sauti yao kutoka katika karatasi niliyoiandika juzi kwa kalamu ya bluu.

Nilimwambia, “Baba mkubwa, nimeitunga mimi.” Hakukasirika. Alisema, “Basi andika hapo juu kwamba umeitunga. Mtoto asiyejua ataishika kama ushahidi.”

Nimeandika. Ukurasa wangu sasa unaanza kwa neno “Hadithi”, na chini yake pana jina langu na mwaka huu. Haukupoteza kitu. Wakati unapindwa ndani yake kama zamani, ila hakuna anayeibiwa wakati wake wa kweli.

Zoezi: chukua sentensi tano zenye -ka- kutoka katika hadithi uliyosimuliwa na mzee wa kwenu. Jaribu kuzirudisha nyuma bila kubadili lililotokea. Andika ni viambishi vipi vilikusaidia, na tendo lipi lilikataa kurudi.