MSANIFU WA MANDHARI YA SINEMA NA KAZI YAKE

Wanafunzi wenzangu, tutazamapo sinema huwakumbuka wachezaji tu. Ni wachache wajiulizao ni nani aliyeijenga nyumba wanamokaa wachezaji hao, au aliyechagua taa, viti na vyungu vya jikoni. Mtu huyo ni msanifu wa mandhari, na kazi yake yafaa tuijue.

Ujerumani ni mojawapo ya nchi zilizoikuza kazi hii mapema. Katika sinema ya "Das Cabinet des Dr. Caligari" ya mwaka 1920, Hermann Warm, Walter Reimann na Walter Röhrig walitengeneza nyumba zilizopinda, na hata vivuli wakavipaka kwa rangi, ili mtazamaji aingiwe na hofu. Katika "Metropolis" ya mwaka 1927, baadhi ya majumba makubwa yalikuwa mifano midogo tu. Kioo kiliwekwa mshazari mbele ya kamera ili kionyeshe mfano huo. Kisha sehemu ya kioo ikakwanguliwa, na hapo wakaonekana watu halisi waliosimama nyuma yake. Mtazamaji akadhani wamo ndani ya jumba kubwa.

Lakini hila si kitu bila uchunguzi. Kwanza, msanifu huisoma hadithi na kuandika kila mahali panapotajwa. Pili, huchunguza watu na wakati wa hadithi hiyo. Tatu, huchora, hupima na kukadiria gharama. Ndipo maseremala, waashi na wapaka rangi waanzapo kazi. Wajerumani walipopiga nchini Kenya sinema ya "Nirgendwo in Afrika" ya mwaka 2001, ilibidi nyumba na vyombo vifanane na vya miaka ya 1930 na 1940. Vivyo hivyo "Vuta N'kuvute" ya Amil Shivji, ya mwaka 2021, yaonyesha Zanzibar ya miaka ya 1950.

Sasa tuchukue mfano wa kwetu Mara. Tuseme twataka kuonyesha Kambarage Nyerere akiondoka Butiama mwaka 1934 kwenda kuanza shule ya Mwisenge, Musoma. Nguzo za umeme zisionekane, wala barabara ya lami. Hayo ni rahisi. Lakini boma la baba yake, Mtemi Nyerere Burito, lililokuwa na wake wengi, lilipangwaje? Nyumba ya mama yake, Mugaya, iliezekwa kwa nyasi gani? Ghala lilisimama wapi, na mbuzi walilala wapi?

Makumbusho ya Mwalimu yaliyoko Butiama yatamsaidia msanifu, lakini mengi yamo vichwani mwa wazee wa Butiama na Bunda. Kila mzee afapo bila kuulizwa, msanifu hubaki kubahatisha, na watazamaji huyaamini aliyoyabahatisha. Hivyo ndivyo uongo ugeukavyo historia.

Kwa hiyo, mwenye kipaji cha kuchora asikidharau. Ashike pia hesabu kwa ajili ya vipimo, na historia kwa ajili ya ukweli. Akimaliza, Taasisi ya Sanaa na Utamaduni iko Bagamoyo, nayo hufundisha sanaa.

Zoezi la likizo: Mwombe babu au bibi akueleze ua aliokulia. Uchore kama uonekanavyo kutoka juu, ukiandika hatua kutoka mlango hadi ghala, zizi na jiko. Kisha mwonyeshe, na uyafute yote atakayoyakataa.