Salamu za Njiani na Salamu za Simu



Wazee walisema, "Waraka ni nusu ya kuonana." Siku hizi waraka umekuwa simu. Nataka niwaeleze jinsi nilivyoacha kuonana kwenyewe kwa ajili ya hiyo nusu.

Likizo iliyopita nilikuwa nyumbani, miteremkoni mwa Mlima Meru. Jumamosi moja mama alinituma sokoni Tengeru, akanipa simu yake. Njiani nilisoma maneno ya kundi letu la WhatsApp, huku nikicheka peke yangu. Nikapishana na mzee jirani yetu, Mwarusha. Kwa desturi ya Waarusha, kama ilivyo kwa Wamaasai, mtoto humwinamishia mzee kichwa, naye mzee humgusa utosini. Mzee alisimama akiningoja. Mimi nikapita, wala sikumwona.

Jioni mzee akaja kwetu. Yeye na baba hutumia mfereji mmoja wa maji kwa zamu, na wiki ile palikuwa na maneno kidogo juu ya zamu hizo. Akauliza, "Je, ugomvi wa maji mmewarithisha na watoto?" Baba hakuwa na la kujibu. Nami niliona haya nisiweze kuinua uso.

Kulipokucha nilikwenda kwake, nikainamisha kichwa. Alikaa kimya kitambo, kisha akaniwekea mkono utosini, akasema, "Kamwambie baba yako leo aanze yeye kumwagilia."

Basi nimejifunza mambo matatu.

Kwanza, desturi si moja kila mahali. Arusha yetu ni makao makuu ya Jumuiya ya Afrika Mashariki, na watalii wengi hupita hapa. Pale Mnara wa Saa utakutana na watu wa kila taifa. Katika miji mikubwa kama London, watu wasiojuana hupishana kimya, wala si dharau. Kwetu kimya ni neno zito. Mgeni asipokusalimu usimhukumu, msalimu wewe. Akitabasamu, nawe tabasamu, lakini usidhani kwamba tabasamu peke yake ni urafiki.

Pili, adabu ya mtandaoni ni ile ile ya njiani. Tena huko uso wa mwenzio huuoni, hivyo hujui kama umemwumiza. Sheria ya Makosa ya Mtandao ya mwaka 2015 inakataza kumtisha mtu na kueneza habari za uongo. Lakini hata pasipo sheria, usiandike neno usiloweza kumwambia mtu mbele ya mzazi wake.

Tatu, aliye mbele yako ndiye wa kwanza. Ukimwona mzee anakuja, tia simu mfukoni, useme "Shikamoo," ungoje "Marahaba." Maneno ya simu utayakuta pale pale ulipoyaacha.