Kutoa Hesabu Kubwa katika Ndogo

Katika madarasa ya chini mlifundishwa kwamba kikubwa hakitoki katika kidogo. Neno hilo ni kweli mkihesabu maembe: kikapu kikiwa na maembe 5, hapana mtu awezaye kutoa 8. Lakini si kila kihesabiwacho ni maembe.

Tutoe polepole 5 − 8. Nane ni tano na tatu. Kwanza toeni 5, imebaki sifuri. Tatu bado haijatolewa, nayo huandikwa −3. Alama iliyo mbele yake yatuonya kwamba tumeshuka hatua tatu chini ya sifuri. Hesabu za namna hii huitwa namba hasi.

Mtauliza, kwa nini tusiandike sifuri, tukaacha? Fikirini wakulima wawili, kila mmoja ana shilingi 62. Wa kwanza adaiwa dukani 62, alipa, na mfuko wake ni mtupu. Wa pili adaiwa 85. Atoa zote alizo nazo, na mfuko wake ni mtupu vile vile. Ukiitazama mifuko utasema watu hawa ni sawa. Daftari la mwenye duka halisemi hivyo: 62 − 62 ni sifuri, bali 62 − 85 ni −23. Kesho kila mmoja akiuza kuku kwa shilingi 30, wa kwanza atakuwa na 30, na wa pili, akiisha kulipa deni, atakuwa na 7 tu.

Njia yake ni nyepesi. Geuzeni, mtoe ndogo katika kubwa: 85 − 62 = 23. Kisha wekeni alama: −23. Msipange 62 juu ya 85 na kuanza kuazima. Afanyaye hivyo husema, 12 toa 5, 7, kisha 5 haitoi 8, naye huazima tena, ijapokuwa upande wa kushoto hapana kitu, 15 toa 8, 7, akaandika 77. Huyo ameazima mia mahali patupu. Airudishe, 77 − 100, naye atapata −23 kama sisi, ila amezunguka sana.

Mwaka 628 Mhindi mmoja, Brahmagupta, mjuzi wa nyota, aliandika kanuni za hesabu hizi. Zilizo juu ya sifuri aliziita mali, zilizo chini madeni. Mali ikitolewa katika sifuri huwa deni. Hata miaka elfu moja na zaidi baadaye, walikuwako wataalamu wa Ulaya waliozikataa.

Wala si madeni tu. Uso wa Ziwa Tanganyika uko kadiri ya mita 773 juu ya usawa wa bahari, na penye kina kirefu kabisa maji yake yashuka kadiri ya mita 1,470. Basi 773 − 1,470 = −697. Mvuvi apitaye hapo kwa mtumbwi yuko juu sana kuliko watu wa pwani, lakini tope lililo chini yake limelala karibu mita 700 chini ya usawa wa bahari.

Zoezi. Toeni: 7 − 10, 40 − 95, 118 − 203. Uso wa Ziwa Victoria uko kadiri ya mita 1,134 juu ya bahari, na kina chake kikubwa ni kadiri ya mita 80. Je, sakafu yake iko juu ya usawa wa bahari au chini, na kwa mita ngapi?