MSICHANA AKIPATA MIMBA, NANI ATASIMAMA NAYE?

Somo letu linatoka katika sinema ya Ubelgiji iitwayo Jeunes Mères, yaani Akina Mama Vijana. Waliitengeneza ndugu wawili, Jean-Pierre na Luc Dardenne. Mwaka 2025 ilipata tuzo mbili huko Cannes, Ufaransa: ya uandishi bora wa sinema, na ya waamuzi wa makanisa mbalimbali.

Sinema hii haina madoido. Tunaona tu wasichana katika nyumba ya kuwatunza, eneo la Liège, wakipika kwa zamu na kufundishwa kuogesha mtoto. Lakini kila mmoja ana mzigo wake:

Jessica ni mjamzito. Yeye mwenyewe aliachwa na mamake akiwa mchanga. Sasa anamtafuta amwulize: kwa nini?

Perla alitumaini mtoto angemfanya Robin atulie naye. Robin, aliyetoka kizuizi cha vijana, hana haja na mtoto.

Julie na Dylan wanapendana na wanataka kulea pamoja, ila wanapigana na dawa za kulevya.

Ariane anajua nyumba yao: pombe na vurugu. Anataka mtoto alelewe na familia nyingine. Mamake hataki hata kusikia.

Tunajifunza nini?

Kwanza, shida haikuanza siku ya mimba. Wengi wa wasichana hawa walikosa malezi, na sasa wanaambiwa walee.

Pili, ile nyumba haiwaamulii. Inawapa kitanda, muda, na watu wa kuwaonyesha kazi. Matusi hayafundishi mtu kunyonyesha.

Tatu, mtoto ana baba. Robin anaenda zake, Perla hawezi.

Hapa Kenya, uchunguzi wa afya wa 2022 ulionyesha kwamba kati ya wasichana 100 wa miaka 15 hadi 19, 15 walikuwa wamewahi kupata mimba. Mwongozo wa serikali wa 2020 unawaruhusu kurudi shule. Lakini ruhusa pekee haibebi mtoto wakati mama yuko darasani.

Maswali ya kujadiliana kikundini

1. Binti wa jirani akipata mimba, sisi huanza na swali gani: "Ni ya nani?" au "Umekula?"
2. Akirudi shule, nani atabaki na mtoto? Tutaje watu, tusiseme tu "jamii".
3. Wavulana wetu tunawaambia nini, na tunawaambia lini?

Tusimalize kikao kabla ya kujibu swali la pili.